UZI: Sessue Hayakawa, Mjapani aliyekuwa steringi Hollywood enzi za filamu bubu, kisha akafungua kampuni yake

Babu Projekta (mtoa mada)

Wakuu, heshima kwenu.

Kwenye uzi wa filamu za vita humu humu jukwaani, mdau mmoja kaandika kwamba yule kanali wa kambi kwenye The Bridge on the River Kwai (1957) ni kababu fulani ka Kijapani walikookota tu. Nimeona nisimjibu kule, nifungue uzi wake kabisa. Hako kababu, miaka 40 kabla, kalikuwa kanaishi kwenye jumba la mfano wa kasri, kona ya Franklin na Argyle, Hollywood, kanaalika wakubwa wa mji kwenye karamu, na filamu zake zinatoka kwenye kampuni kaliyoianzisha kenyewe.

Jina lake Sessue Hayakawa. Niseme mapema ninachokusudia, asije mtu akanisoma nusu. Huyu bwana kila siku husimuliwa kama mwigizaji mwenye sura ya kuvutia aliyekwamishwa na ubaguzi. Kweli tupu. Ila katikati hapo, 1918 hadi 1922, alikuwa prodyuza mwenye ofisi na wafanyakazi, na wasimuliaji wanairuka miaka hiyo kana kwamba haikuwepo. Mimi naona nyama yote iko hapo.

Tuanze mwanzo. Alizaliwa 1886, akaitwa Kintaro, kijiji cha Nanaura, mkoa wa Chiba, pwani ya Japani. Nyumbani walishamwandalia njia: awe afisa wa jeshi la majini. Akapiga mbizi siku moja, ngoma ya sikio ikapasuka, jeshi likamkataa. Yeye mwenyewe anasimulia kwamba aliona amemwaibisha baba yake, akajifungia na kujichoma kisu tumboni mara zaidi ya 30. Mbwa akabweka, baba akavunja mlango kwa shoka, akaokolewa. Hii ipo kwenye kitabu cha maisha yake alichokitoa 1960. Kitabu kile kisomeni, ila chumvi yake ni ya kutosha, nitakirudia mbele.

Baada ya hapo akaenda Marekani. Magazeti ya wakati wake yaliandika kwamba alisoma Chuo Kikuu cha Chicago, na kwamba alikuwa nyota wa mpira wa Kimarekani pale chuoni. Watafiti waliokwenda kupekua hawakuukuta ushahidi wa shahada hiyo. Kinachojulikana ni kwamba akaibukia Los Angeles, mtaa wa Little Tokyo, akiigiza jukwaani kwa Kijapani mbele ya Wajapani wenzake, na huko ndiko alikolichukua jina la Sessue.

Naendelea, ngoja nichaji simu.

Fundi Redio

Nimekaa pale mbele kabisa, Babu. Tiririka.

Ngosha wa Igoma

Tangulia mkuu. Ila hizo filamu bubu mimi naziona kama vichekesho tu, watu wanatembea mbio mbio.

Babu Projekta

Ngosha, ule mwendo wa mbio mbio si wao. Filamu za wakati ule zilipigwa kwa picha 16, 18 au zaidi kidogo kwa sekunde. Ukizipitisha kwenye mashine ya picha 24, lazima watu wakimbie kama wamesikia mgambo. Nakala ikirekebishwa vizuri, wanatembea kama wewe na mimi.

Turudi. Mwaka 1914 kulikuwa na prodyuza mkubwa anaitwa Thomas Ince, ana kambi ya kupigia filamu kule Santa Ynez Canyon, watu waliiita Inceville. Ince akauona mchezo wa The Typhoon, Hayakawa akiwa ndani, akataka kuufanya filamu. Hayakawa anasema hakutaka, akataja dola 500 kwa wiki ili mzee akimbie mwenyewe. Mzee akakubali. Chumvi au si chumvi, filamu ilitoka mwaka huo huo na jamaa akatoboa.

Kabla ya The Typhoon kuingia kumbini, walikuwa wameshatoa nyingine, The Wrath of the Gods, iliyochomekewa tukio la mlima Sakurajima wa Japani kulipuka Januari 1914. Binti wa filamu ile alikuwa Tsuru Aoki. Hayakawa kavikwa ndevu, kawa baba yake. Na mwaka ule ule, Mei, wakaoana kweli kweli. Yaani mwenye kuitazama filamu ile anamwona mume akicheza kama baba mkwe wake.

Sasa Desemba 1915. Mwongozaji Cecil B. DeMille, kampuni ya Jesse Lasky, filamu inaitwa The Cheat. Hii ndiyo iliyompaisha na ndiyo iliyomfunga.

Kisa kwa kifupi: mke wa tajiri, mweka hazina wa mfuko wa Msalaba Mwekundu, anachukua dola 10,000 za mfuko akitegemea kuzizalisha, zinayeyuka. Anakopa kwa mfanyabiashara wa Kijapani wa pembe za ndovu, Hishuru Tori (ndiye Hayakawa), na malipo mnayajua. Mume naye anapata faida sokoni, mke anarudi na hundi. Tori anakataa hela. Anamkamata, anachukua chuma cha moto anachopigia chapa mali zake, anambandika begani. Mwanamke anampiga risasi. Mume anajitwisha kosa. Mahakamani mwanamke anaonesha bega, na umati unamrukia Tori.

Mwanamke aliigizwa na Fannie Ward, mume ni Jack Dean, ambaye alikuwa mumewe hata nyumbani. Ward anatupa mikono, anapepesuka, anaviringisha macho, kama ilivyokuwa kawaida ya jukwaa la enzi zile. Hayakawa hafanyi kitu. Anasimama. Uso umetulia, taa inampiga upande mmoja, upande wa pili giza. Anainua nyusi kidogo tu na wewe mtazamaji unarudi nyuma kwenye kiti. Kule Paris walichanganyikiwa. Mwandishi Colette aliisifu, mhakiki wa filamu Louis Delluc naye akaandika juu ya uso ule kama mtu aliyeona mwezi kwa mara ya kwanza. Wafaransa wakaigeuza hadithi ile kuwa opera mwaka 1921.

Mwanamvua wa Tanga

Kwa hiyo kawa adui, halafu wanawake wakampenda adui? 😂

Babu Projekta

Ndiyo hivyo dada yangu. Alitakiwa achukiwe, akinamama wa Kizungu wakajaa kumbini kumtazama yeye. Hiyo ndiyo ilimshtua kila mtu, hata Lasky aliyekuwa akimlipa.

Ila Wajapani wa Los Angeles walikasirika, na gazeti lao la Rafu Shimpo likalaani. Kule kwao Japani wengine wakamwita msaliti. Na hawakuwa wanakasirikia hewa. California ya wakati huo ilikuwa na sheria ya 1913 iliyowazuia Wajapani kumiliki mashamba. Ukimweka Mjapani kwenye sinema akimchoma Mzungu kwa chuma cha moto, unawaongezea kuni wenye moto wao.

Mwaka 1918 filamu ikarudishwa kumbini. Marekani iko vitani, na Japani ni mshirika wake. Wakafanyaje? Filamu bubu, maneno yote yako kwenye kadi za maandishi. Wakatoa kadi za zamani wakaweka mpya: Hishuru Tori akageuka Haka Arakau, mfalme wa pembe za ndovu kutoka Burma. Uso ule ule, kimono ile ile, milango ya karatasi ile ile. Burma hakukuwa na ubalozi wa kulalamika.

Mtoto wa Ng'ambo

Nitie neno moja, si la filamu. Pembe za ndovu zilizokuwa zikienda Marekani kutengenezea vibao vya piano kule Connecticut, nyingi zilipitia hapa kwetu Unguja. Kwa hiyo "mfalme wa pembe" wa kweli wa biashara ile alikuwa na maghala Zanzibar na alikuwa Mzungu wa New England. Endelea Babu, samahani.

Babu Projekta

Ahsante sana Mtoto wa Ng'ambo, usiombe samahani, hiyo ni nondo.

Baada ya The Cheat, Lasky wakamfanyisha kazi kama punda wa Forodhani, filamu baada ya filamu. Mjapani, Mhawaii, Mmexico, Mhindi, Mchina, yote yeye. Mradi si Mzungu, mpe Hayakawa. Na mara nyingi jambo moja lilijirudia: anapenda mwanamke wa Kizungu, anajitoa mhanga, anamwachia Mzungu mwenzake. Sisi tuliokulia kwenye mabanda ya video tunajua steringi hafi na msichana ni wake. Yeye alikuwa steringi anayekufa, na msichana anaondoka na mtu mwingine.

California kulikuwa na sheria inayokataza Mzungu kuoana na "Mmongolia", neno walilowawekea watu wa Asia ya Mashariki. Ilidumu mpaka mahakama kuu ya jimbo ilipoivunja mwaka 1948. Kwa hiyo mwandishi wa hadithi hata angetaka, angewapeleka wapi wale wawili mwisho wa filamu?

Kamau wa Gikomba

Mzee Babu, sasa hapo kwa Rudolph Valentino inakuwaje? Huyo pia alikuwa mhamiaji na alikuwa Mwarabu kwa filamu, na msichana akampata.

Babu Projekta

Kamau, swali zuri. Valentino alitoka Italia, kaingia New York 1913. The Sheik ya 1921 ilitolewa na Famous Players-Lasky, kampuni ile ile aliyoiacha Hayakawa. Lakini nenda kaitazame mpaka mwisho. Kabla ya shehe kumpata bibi, hadithi inakuja kufichua kwamba si Mwarabu hata kidogo, baba yake Mwingereza na mama Mhispania, aliokotwa jangwani. Wakamsafisha kwanza, ndipo akaruhusiwa kuoa. Mwitaliano unaweza kumsafisha kwa kadi moja ya maandishi. Hayakawa walimsafishia kadi akatoka Mjapani akawa Mburma.

Sasa tuje kwenye kampuni.

Mwaka 1918 mkataba na Lasky ukaisha, akajitoa, akaanzisha Haworth Pictures Corporation. Jina limeungwa kutoka Hayakawa na Worthington, yaani William Worthington, mwongozaji aliyeziongoza nyingi za mwanzo. Mtaji, kwa maelezo yake, dola milioni 1, zimetoka kwa wazazi wa rafiki aliyesoma naye. Filamu ya kwanza His Birthright, 1918. Yeye ndiye steringi, yeye anashiriki kuchagua hadithi, anaingilia maandishi, anaingilia uhariri, Aoki anapata nafasi za maana.

Kwa mtu wa Asia kuwa na kampuni ya filamu Hollywood mwaka 1918, nadhani hatuhisi uzito wake. Huyu mtu kisheria hawezi kuwa raia. Kesi ya Takao Ozawa ya mwaka 1922 ndiyo iliyofunga mjadala, Mahakama ya Juu ya Marekani ikasema Mjapani si mtu mweupe, hapewi uraia. Na mtu huyo analipa mishahara ya Wazungu.

Ngosha wa Igoma

Babu, nimegugo hapa, wanasema kampuni ilikuwa inaingiza dola milioni 2 kwa mwaka na ilitoa filamu 23. Chanzo ni nini?

Babu Projekta

Chanzo ni yeye, Ngosha. Ndiyo maana sikuziandika. Mzee akishika kalamu akiwa na miaka sabini na kitu, kila kitu kinakuwa kikubwa: gari la Pierce-Arrow lililopakwa dhahabu, pombe kabati zima kabla ya marufuku ya 1920, mabunda aliyopoteza Monte Carlo. Mengine yatakuwa kweli. Jumba lilikuwepo, limebomolewa 1956. Karamu zilikuwepo. Hesabu za kampuni ni jambo jingine, na mimi sipigi hesabu za watu kwa kauli yao. Filamu zenyewe zipo kwenye orodha na matangazo ya magazeti ya wakati ule, hizo hazina ubishi: The Temple of Dusk, Bonds of Honor, A Heart in Pawn, The Courageous Coward, The Tong Man, The Dragon Painter, The Beggar Prince, Li Ting Lang, An Arabian Knight, na nyingine.

Nikae kidogo kwenye The Dragon Painter, 1919, maana ndiyo filamu ambayo ukinambia nichague moja ya Haworth naichukua bila kufikiri.

Tatsu ni mchoraji, kichaa wa milimani, anaamini mchumba wake ni binti mfalme aliyegeuzwa joka na amefichwa ndani ya maji. Anachora joka tu, usiku na mchana. Mjini kuna mzee bingwa wa uchoraji, hana mtoto wa kiume wa kumrithisha. Wanamleta Tatsu mjini, anamwona binti wa mzee, Ume-ko, anaamini ndiye yule aliyepotea. Wanaoana. Na hapo hapo mkono unakufa. Ameshampata anayemtafuta, hana tena cha kuchora. Binti anaona kosa ni lake, anatoweka, watu wanadhani amejiua, na Tatsu kwa uchungu anaanza kuchora tena.

Hakuna Mzungu hata mmoja kwenye hadithi. Hakuna chapa ya moto, hakuna kasumba, hakuna kisu. Ni watu wa Kijapani wanapendana na kugombana na sanaa yao. Ume-ko ni Tsuru Aoki. Milima ya Japani waliipiga Yosemite, California, na yale maporomoko yametoka vizuri mno.

Lakini tazameni na hili: yule mzee bingwa kaigizwa na Edward Peil, Mzungu aliyepakwa rangi. Kwenye kampuni ya Mjapani! Na riwaya iliyochukuliwa iliandikwa na Mmarekani, Mary McNeil Fenollosa. Hayakawa alikuwa anawauzia Wamarekani Japani waliyoitaka wao, ila yenye heshima. Mimi simlaumu. Ukisoma riwaya ya watu ukaongeza staha pale palipokuwa na dharau, hiyo nayo ni kazi.

Kwa miaka mingi filamu hii ilihesabiwa imepotea. Nakala ikaja kukutwa Ufaransa, kadi zake za Kifaransa, ikabidi zirudishwe Kiingereza. Mwaka 2014 ikaingizwa kwenye orodha ya filamu za urithi ya Maktaba ya Bunge la Marekani. The Cheat iliingia humo 1993.

Mwanamvua wa Tanga

Samahani Babu, huyo Tsuru Aoki umempitia juu juu kila mara. Kacheza na mumewe, kaolewa, basi?

Babu Projekta

Umenikamata vizuri shangazi. Aoki ndiye aliyetangulia. Aliingia Marekani 1899 akiwa mtoto, na kundi la maigizo la mjomba wake Otojiro Kawakami na mkewe Sada Yacco, ambaye muda mfupi baadaye alipata jina kubwa Ulaya. Wakamwacha kwa mchoraji wa Kijapani, Toshio Aoki, akamlea. Alikuwa ameshaanza filamu kabla mumewe hajaonekana kwa Ince. Wengi wanasema ni yeye aliyewaunganisha. Kisha miaka ikaenda, magazeti yakaanza kumpiga picha jikoni na bustanini, mke mwema wa nyota, na majukumu ya filamu yakapungua. Alifariki 1961. Uzi wake unastahili kufunguliwa, na ungeufungua wewe ungenogewa kuliko mimi.

Fundi Redio

Babu, ulisema kampuni ndiyo nyama. Ilikufaje?

Babu Projekta

Hapa ndipo nilipokuwa napaelekea.

Kutengeneza filamu ni mguu mmoja. Mguu wa pili ni kuisambaza: nakala, mabango, mikataba na wenye kumbi, makusanyo. Haworth ilikuwa na mguu mmoja. Filamu zake zilipitia kwanza Exhibitors Mutual, kisha Robertson-Cole. Msambazaji ndiye anayeandika bango. Msambazaji ndiye anayejua hela zimeingia ngapi. Na msambazaji ndiye anayerudi kwako kusema, "Wenye kumbi wanataka ile ya Chinatown."

Mwaka 1919, Charlie Chaplin, Mary Pickford, Douglas Fairbanks na D. W. Griffith waliliona tatizo hilo hilo, wakaanzisha United Artists ili wasambaze wenyewe. Chaplin alikuwa mhamiaji kutoka London, Pickford ametokea Kanada. Hayakawa alikuwa nyota wa daraja ambalo magazeti yalimtaja na hao, lakini mlango ule hakuwemo.

Mkitazama majina ya filamu zake mtaona mkono wa soko unavyokaza. Mwaka 1919 bado kuna joka na wachoraji. Ikifika 1920, 1921, kampuni imeshabadilishwa jina kuwa Hayakawa Feature Play Company, na sasa ni The First Born, Where Lights Are Low, The Swamp. Wachina, vichochoro, magenge. Mjapani anacheza Mchina kila mara, kwa sababu watazamaji hawaoni tofauti na msambazaji hana shida na hilo. The Swamp hadithi aliiandika mwenyewe: ni mchuuzi wa mboga wa Kichina anayemsaidia mama Mzungu aliyetelekezwa pamoja na mtoto wake, na mwisho mama yule anakwenda kwa Mzungu mwenzake. Hata akiandika mwenyewe, kampuni yake mwenyewe, msichana hapati. Mimi hapo ndipo huwa nasimama. Kalamu iko mkononi mwake, ila karatasi imeshachorwa mistari.

Na nje ya studio hewa ilichafuka. Uchaguzi wa 1920, Seneta James Phelan aligombea akiwa na kaulimbiu ya kuiweka California iwe nyeupe. Alishindwa, lakini mwaka ule ule wapiga kura wakapitisha sheria ya ardhi kali kuliko ile ya 1913. Ozawa 1922. Halafu 1924 ikaja sheria ya uhamiaji iliyofunga mlango kwa Wajapani moja kwa moja.

Yeye alishaondoka. Filamu ya mwisho ya mkondo ule ni The Vermilion Pencil, 1922. Anasimulia kwamba kwenye kuipiga kuna seti iliyoangushwa kwa makusudi imuue. Nawaachia kitabu chake.

Kamau wa Gikomba

Na filamu za sauti zilipokuja? Si angerudi?

Babu Projekta

Alizunguka kwanza. Broadway 1923. Ufaransa mwaka huo huo, La Bataille, akiwa na Aoki. Kacheza nani? Afisa wa jeshi la majini la Japani. Sare aliyonyimwa Japani kwa ajili ya sikio, kavishwa na Wafaransa. Filamu ilipendwa sana kule. Halafu Uingereza, kampuni ya Stoll, 1924.

Filamu bubu ilimbeba popote kwa sababu lafudhi haisikiki. Kadi za Kifaransa, kadi za Kiingereza, uso ni ule ule. Sauti ikaja, na lafudhi yake ya Kijapani ikawa jambo la kwanza mtu anasikia. Alirudi Hollywood 1931, Daughter of the Dragon, na Anna May Wong, Mmarekani mwenye asili ya China. Malipo: Warner Oland, mzaliwa wa Sweden anayeigiza Mchina, dola 12,000 na haonekani hata nusu saa. Hayakawa 10,000. Wong, ambaye ndiye mhusika mkuu, 6,000. Hizo namba hazihitaji maelezo.

Fundi Redio

Babu, kule Japani kwenyewe filamu bubu waliangaliaje? Walisoma kadi?

Babu Projekta

Walikuwa na watu wanaitwa benshi. Wanasimama pembeni ya pazia, wanasimulia, wanageuza sauti ya kila mhusika, wanaongeza utani wao. Walikuwa na majina makubwa kuliko waigizaji wenyewe. Wewe uliyemsikiliza Lufufu akitafsiri filamu kwa Kiswahili kwenye mikanda ya video hutapata shida kuelewa.

Ngosha wa Igoma

😂😂 Kumbe Lufufu ni benshi. Malizia basi Babu, mpaka kwenye Kwai.

Babu Projekta

Nipite haraka. Mwaka 1937 alirudi Ufaransa kucheza Yoshiwara ya Max Ophüls, na mwaka huo huo wakamfanyisha The Cheat upya kwa Kifaransa, miaka 22 baadaye, jukumu lile lile la mwenye chapa. Vita vikamkuta huko. Wajerumani wakaingia, akakwama, akaishi kwa kuchora na kuuza picha. Amini usiamini, mchoraji wa joka.

Baada ya vita, kampuni ya Humphrey Bogart ikamtafuta kwa ajili ya Tokyo Joe, 1949. Mwaka 1950 Three Came Home, mkuu wa kambi ya wafungwa. Ndipo mwongozaji David Lean akamwita Ceylon (Sri Lanka ya leo) kwa ajili ya Kwai, 1957, awe kanali Saito. Akateuliwa kwa Oscar ya mwigizaji msaidizi, ikaenda kwa Red Buttons wa filamu ya Sayonara. Alifariki Tokyo, Novemba 23, 1973.

Mkimtazama Saito sasa, angalieni anavyosikiliza. Mazungumzo mengi ni ya Alec Guinness. Yeye ananyamaza, na kamera inarudi kwake. Huo ni ufundi wa 1915.

Mwanamvua wa Tanga

Nimeelewa. Sasa tuanzie wapi kutazama? Mimi nitaanza na ile ya joka.

Babu Projekta

Anza nayo shangazi. Nyingi za kabla ya 1922 haki zake Marekani zimekwisha, kwa hiyo The Dragon Painter na The Cheat zinapatikana bure mtandaoni. Kwenye The Cheat msishangae mkikuta jina ni Arakau na si Tori: nakala iliyobaki ni ile ya 1918. Tafuteni iliyo na muziki wa kuwekewa baadaye, ukimya mtupu unachosha. Ikiwa inakwenda mbio mbio, Ngosha, punguza kasi kwenye mipangilio, weka 0.75.

Jumamosi nitaongeza picha za mabango ya Haworth, nina kadhaa kwenye flashi.

Mtoto wa Ng'ambo

Babu, ukiweka mabango uweke na ya Robertson-Cole yale ya Chinatown, tuyaone kwa jozi.

Babu Projekta

Nitaweka.